Mgomba wa Caritas

Jumanne tarehe kumi na nne Novemba, mwaka elfu mbili ishirini na tatu, ndiyo siku mambo yalipoharibika pale mwalo wa Nyamkunga, mitumbwi ya dagaa inaposhushia mizigo, na tangu hapo hayajatengenezeka. Wakubwa wanasema ilikuwa siku ya upepo mkali. Gélase akisikia neno hilo hutema mate pembeni. Upepo mkali anaujua. Upepo mkali huangusha mapapai, hupeperusha nguo kwenye kamba, huwabwekesha mbwa. Haumchukui mke wa mtu mchana kweupe na kumwacha mumewe amesimama na gunia la dagaa begani, mdomo wazi.

Nyamkunga ni kijiji kidogo cha ufukweni, ukitoka Ujiji kushika njia ya Ilagala. Wakazi wake ni Waha wa tangu zamani, na watu waliovuka kutoka Burundi mwaka sabini na mbili wakiwa wamebebwa mgongoni, wakakulia hapa, wakaoana hapa, wakapewa uraia, wakaanza kuota mvi. Gélase ni mmoja wao. Shule aliishia darasa la tatu. Kazi yake ni uchukuzi: mitumbwi ikifika alfajiri anashusha, magari yakija mchana anapakia. Mkewe Caritas alikuwa anaanika dagaa, na alikuwa mwanikaji hasa. Akishika dagaa mmoja akamvunja katikati, angekwambia kama mzigo mzima utafika Dar salama au utaoza Tabora.

Sasa, kuanika dagaa si kazi ya kukaa kivulini. Mvua ya ziwa haipigi hodi. Dagaa akinyeshewa huwa mweusi, hunuka, na kazi ya usiku kucha ya wavuvi inakuwa chakula cha kuku. Kwa hiyo wanawake wa mwalo ule walikuwa na njia yao. Kila mmoja alikuwa na kiturubai chake kidogo, ukubwa wa mkeka wa watu wawili, kingine kimeshonwa kwa viroba. Wingu likitokea upande wa Kongo, anafunika dagaa wake mchangani, anajifunga kiunoni kamba ya ule upande unaotazama upepo, anakaa chini kwenye ukingo. Mikono inabaki huru kuweka mawe pande nyingine. Upepo unavuta, mama amekaa, wanataniana, upepo unachoka unaondoka. Kiuno cha mwanamke ndicho kilikuwa kigingi chake. Walifanya hivyo mama zao, wakafanya wao, na hakuna aliyewahi kuona kuna cha kuogopa.

Mwaka ule ndipo ulipokuja mradi. Wakubwa walikuja na magari mawili meupe, wakatembea mwaloni wameziba pua, wakasema mwalo huu unaonekana kama jalala. Viroba vile vikapigwa marufuku, na wanawake wakaandikwa kikundi kimoja cha mradi. Likajengwa banda refu la mabati, na pembeni yake vichanja vipya vya nyavu kwa safu ndefu. Na juu ya safu hiyo wakaleta turubai moja la bluu, kubwa, la kufunika vichanja vyote kwa pamoja, lenye matundu yaliyozungushiwa chuma na kamba za manila kila upande.

"Hili si turubai," alisema Yunisi siku lilipokunjuliwa. Yunisi alikuwa shoga yake Caritas, wanaanika kichanja kwa kichanja. "Hili ni paa la kanisa. Caritas, mwambie padri wako aje alibariki."

"Padri atalitaka liwe lake," Caritas alijibu. "Bora umwite shehe wako, yeye hana choyo."

Wakacheka. Hata Gélase alilipenda turubai lile, tusimsingizie. Aliona mkewe amepumzika kushona viroba. Vigingi vya chuma vya kulifunga havikuwepo, lakini mtendaji wa kijiji, Edson, kijana mmoja msafi aliyeletwa kutoka mkoa mwingine, alisema vitakuja awamu ya pili. Watu walisikia awamu ya pili wakaridhika, kama ambavyo wamekuwa wakiridhika maisha yao yote.

Jumanne hiyo alikuwa anakuja mgeni. Mgeni gani hasa, hakuna aliyeambiwa jina. Aliitwa "mgeni rasmi" na basi. Giza la mwezi lilikuwa limewapa wavuvi samaki wengi, vichanja vimejaa dagaa waliokwisha kukauka tangu saa tano asubuhi. Siku nyingine wangekuwa wameshaanuliwa, wako ndani ya magunia, na wanawake wako majumbani wanasonga ugali. Lakini Edson alikuwa amesimama juu ya kreti la soda na kipaza sauti.

"Akina mama, hakuna kuanua! Mgeni anataka kuona dagaa kwenye vichanja. Hataki kuona magunia, magunia ameyaona kwao. Yuko Ujiji, anamalizia chai, anakuja sasa hivi."

"Hiyo chai anainywa kwa pipa?" alipaza sauti mmoja.

"Wingu hilo, mtendaji!" akasema Caritas. "Mtendaji, tazama nyuma yako!"

"Mama Caritas, wingu si mgeni wetu. Tulia."

Kicheko kingine. Wakatulia.

Juu ya milima ya Kongo wingu lilikuwa limesimama, chini limekuwa jeusi kama sufuria. Maji ya ziwa yakabadilika, yakawa ya kijani iliyokufa. Kisha kutoka tumboni mwa wingu ukashuka mkia. Ulishuka polepole, ukipindapinda, mpaka ukagusa maji, na pale ulipogusa maji yakaanza kupanda juu kama moshi.

Hakuna aliyekimbia. Hili watu wa kuja hawalielewi, wanauliza kwa nini hamkukimbia. Mikia ile watu wa ziwa wanaijua. Huwa inaonekana mbali, masika na vuli, inatembea juu ya maji, mvuvi mwenye akili anageuza mtumbwi anaikwepa, halafu inakatika yenyewe. Haijawahi kutoka majini. Kwa hiyo watu walisogea ufukweni kutazama, vijana wakatoa simu wakaanza kupiga picha, Edson naye akatoa yake. Mmoja akasema huyo ndiye mgeni rasmi, amekuja kwa njia ya maji.

Mkia ule haukukatika.

Upepo wa kwanza ulipofika, wanawake walirudi mbio kwenye vichanja. Wengine walishika kingo za turubai kwa mikono. Caritas alifanya kile ambacho mikono yake ilikuwa imezoea kufanya tangu utoto. Akavuta kamba ya upande wa ziwa, akaizungusha kiunoni, akafunga fundo, akakaa.

Gélase alikuwa kando ya gari, juu kidogo ya ufukwe, gunia la dagaa wa jana begani. Aliona bluu ikivimba. Ilivimba kama tumbo, vichanja vikavunjika chini yake, halafu bluu ikapaa. Kisha vumbi, mchanga, nyavu na dagaa vikaruka kwa pamoja, na mlio ukaja ambao hawezi kuueleza zaidi ya kusema kwamba aliacha kuusikia kwa sababu masikio yalijaa. Gunia likamtoka. Mabati ya lile banda jipya yakaanza kung'oka moja baada ya jingine, yakizunguka hewani kama sahani. Gari lilisogea lenyewe likiwa limezimwa. Alilala chini akashika tairi.

Upepo ulipopita, ilinyesha mvua ya kawaida tu. Hilo ndilo lililomuudhi kuliko yote. Mvua ya kawaida, ya kulima.

Chini ya banda walitolewa watu wanne, wote wamekufa. Gélase aliwageuza mmoja mmoja. Akamfuta matope wa mwisho usoni kwa kiganja, akaona si Caritas, akashukuru, na mpaka leo anaionea aibu shukrani ile.

*

Kijiji kilichopigwa na upepo wa namna hiyo huishi ajabu. Kesho yake asubuhi watu hawakulia sana, walitafuta mabati. Mabati ya huku yalikuwa yametua kule, yamekunjika, mengine yako juu ya michikichi. Mtu anapita nyumba hadi nyumba anatazama matundu ya misumari.

"Bonifasi, hilo bati langu. Nalijua kwa kovu."

"Lilikuja lenyewe usiku, likasema limeachika."

"Basi nimekuja na wazee kulirudisha."

Walicheka hivyo, na machozi yapo. Waliobaki na paa walipokea wasio nalo, chumba kimoja familia tatu. Wanawake walipikia pamoja uwanjani kwa sababu majiko yalikuwa yamelowa, na kuni zilikuwa mbao za lile banda la mradi. Hizo ziliwaka vizuri. Waliozikwa walizikwa, Wakristo watatu na Mwislamu mmoja, na kijiji kizima kilikwenda makaburi yote manne.

Caritas hakuonekana.

Gélase aliufuata ufukwe. Alikwenda kaskazini mpaka Katonga, akauliza wauza samaki. Akavuka mpaka Kibirizi, akauliza wachukuzi wenzake. Akarudi kusini mpaka Ilagala, mto Malagarasi unapomwagikia ziwani, akasimama kwenye matete akiangalia takataka zinazokusanyika pale. Aliona kandambili nyingi. Hakuona ya Caritas. Mvuvi mmoja mzee wa Ilagala, Mwinshehe, alimkalisha kwenye ubavu wa mtumbwi wake akamwambia ukweli bila kumzungusha.

"Ndugu yangu, ukingoni ziwa linarudisha. Mbali kule halirudishi. Kule chini maji ni baridi na hayana mwisho. Alichukuliwa na nini?"

"Turubai."

"Kubwa?"

"Kama paa la kanisa."

Mwinshehe akaendelea kuziba nyufa za mtumbwi. Baadaye akasema, "Rudi nyumbani, ndugu yangu. Usiwe unasimama hapa."

Nyumbani moto wa matanga ulikuwa unawaka uani. Mama yake Caritas, bibi kizee, alikuwa amekaa chini kwenye mkeka tangu siku ile, na amesema hatanyanyuka mpaka binti yake azikwe, ndivyo inavyotakiwa. Lakini nani azikwe? Wiki ya kwanza majirani walijaa. Wiki ya pili walikuja jioni tu. Wiki ya tatu wakawa wanapita njia ya nyuma ili wasionekane hawakusimama. Gélase hakuwalaumu. Msiba usio na maziko haumaliziki, na watu wana mashamba.

Kubwimana, kaka yake Caritas, ndiye aliyelianzisha.

"Muramu," alisema. Kwao shemeji wanamwita hivyo. "Tuzike umutumba."

Gélase alijua atalisema. Kwao mtu akipotelea vitani au majini, hukatwa mgomba urefu wa mtu, huviringwa sanda, huitwa jina lake, huzikwa. Mtu anaambiwa: hii ndiyo nyumba yako, rudi ulale. Kisha moto unazimwa, wafiwa wananyoa, maisha yanaendelea.

"Sizikii mgomba," Gélase alisema.

"Mama atafia kwenye mkeka huo."

"Nikizika mgomba, wale watapumua. Watasema amekwisha zikwa, kelele za nini. Kwanza waseme wenyewe kwa midomo yao kwamba amekufa, na waseme amekufa kwa nini. Halafu nitazika hata jiwe."

Kwa maana wakubwa walikuwa wanasema wanne. Redioni walisema wanne. Edson alisema wanne. Gélase alikwenda ofisini kwake, akavua kofia.

"Mtendaji, ni watano."

"Shikamoo mzee Gélase. Karibu ukae. Mzee, serikali inahesabu mwili. Mwili haupo, hatuwezi kusema amekufa. Tunasema hajulikani alipo. Ni utaratibu tu, ikipita miaka mitano mahakama inaweza…"

"Miaka mitano mama mkwe wangu akae mkekani?"

Edson alitazama mlango. Halafu akasema kwa sauti ya chini, kama mtu anayekusaidia:

"Mzee, na usinielewe vibaya. Kuna watu wanasema siku ile, katika ile vurugu, mitumbwi kadhaa ilivuka. Mama Caritas ana ndugu upande wa pili. Pengine alishtuka tu, akarudi kwao."

Gélase hakuelewa mara moja. Ilimbidi alirudie neno lile kichwani.

"Kwao wapi?"

"Burundi, mzee."

"Caritas amezaliwa hapa. Kitovu chake kimezikwa nyuma ya zahanati yako hiyo."

"Nasema wanavyosema watu."

"Watu gani?"

Kufikia Ijumaa neno lilikuwa limeshafika kisimani, limefika kilabuni, limefika kwenye ngazi za kanisa. Wapo waliosema wamesikia kwamba alionekana Rumonge, huko Burundi, akiuza dagaa. Wapo waliomtazama Gélase kwa huruma ya namna nyingine kabisa, ile ya mwanamume aliyekimbiwa. Na hilo ndilo lililomla. Mke amempoteza, sawa, kuna Mungu. Ila kuambiwa kwamba yule mwanamke aliyejifunga kamba kiunoni kulinda dagaa wa kikundi, dagaa ambao nusu yao hawakuwa hata wake, alitumia kifo cha wenzake wanne kama nafasi ya kutoroka! Ni kumuua mara ya pili, na safari hii hakuna upepo wa kusingizia.

Shahidi alikuwepo mmoja: Yunisi. Siku ile ile jioni, amevikwa shuka la mtu, Yunisi alikuwa amemshika Gélase mkono akasema, "Kaka, alikuwa amejifunga. Kaka, alikuwa amejifunga." Hilo lilitosha. Gélase akadai mkutano wa hadhara, na kwa kuwa watu walikuwa wameanza kunung'unika juu ya mambo mengine, Edson akaukubali.

Mkutano ulikaa palipokuwa na banda. Nguzo mpya zilikuwa zimesimamishwa tayari, mahali pale pale, na mafundi walikuwa wameambiwa wapumzike kidogo, wanatafuna miwa. Edson aliongea sana kuhusu mabadiliko ya tabianchi. Alisema upepo kama ule ni wa dunia nzima, hata Ulaya upo, hauna wa kulaumiwa. Kisha akasema mwenye swali.

Gélase alisimama.

"Mimi sina maneno mengi. Nataka Yunisi aseme alichokiona. Basi."

Watu wakageuka. Yunisi alikuwa amekaa kati ya wanawake wa kikundi, ushungi umeshuka mpaka kwenye nyusi. Gélase hakujua, angejuaje, kwamba jana yake Edson alikuwa amekwenda kwa Yunisi na maneno laini. Kwamba ikisemwa Caritas alijifunga kamba, wataulizwa akina mama nani aliwafundisha kujifunga kamba kwenye mali ya mradi. Kwamba kikundi kitafungwa, vichanja vitapelekwa mwalo mwingine, na wanawake thelathini na kitu watarudi kupigana na mchanga. Na Yunisi ndiye mwenyekiti mpya wa kikundi.

"Yunisi," alisema Gélase. "Dada yangu. Sema tu."

Yunisi alisimama. Akashika ncha ya ushungi.

"Vumbi lilikuwa jingi," alisema.

"Ulimwona amejifunga."

"Vumbi lilikuwa jingi, kaka. Sikuona vizuri."

Mtu akacheka nyuma huko, kicheko kifupi cha kilabuni, na sauti ikasema: "Mpigie simu Rumonge, mzee, labda atapokea!" Wengine wakamzomea aliyesema. Lakini wengine walicheka. Gélase alivaa kofia yake. Alipita katikati yao, na njia walimpisha pana kuliko ilivyohitajika.

Jioni ile alikwenda kwa Kubwimana, akamkuta anachambua maharage.

"Kata huo mgomba," alisema.

*

Walizika Jumamosi asubuhi, shambani kwa Gélase, nyuma ya mihogo, hatua chache kutoka ule mkeka wa uani. Padri hakuja, alisema kwa upole kwamba kanisa haliwezi kusoma ibada juu ya mti. Walisali wenyewe. Mgomba ulikatwa urefu wa Caritas, na hapo pakatokea ubishi mdogo kwa sababu Kubwimana alikumbuka dada yake mrefu zaidi na Gélase alimkumbuka mfupi zaidi, mpaka bibi kizee akanyoosha mkono pale mkekani akaonyesha: mpaka hapa. Wakakata hapo. Wakauviringa sanda, wakauvika kitenge juu yake. Ulikuwa mzito kuliko Gélase alivyofikiri. Maji ya mgomba yalipenya kwenye sanda yakamlowesha kifuani, na madoa hayo hayatoki kwenye shati, yuko nalo mpaka leo.

Watu walikuja kuliko alivyotegemea. Labda ilikuwa aibu ya mkutano, labda walitaka na wao moto ule uzimwe. Yunisi naye akaja. Wanawake walipomwona hawakumpisha nafasi kwenye mkeka. Alisimama juani muda mrefu, kisha bibi kizee akasogea kidogo, akapiga mkeka kwa kiganja mara moja, na Yunisi akakaa.

Kabla hawajateremsha, alimfuata Gélase kando ya migomba. Hakumtazama usoni.

"Nilimwona, kaka."

"Najua."

"Upepo ulipompandisha hakupiga kelele. Mimi ndiye niliyepiga. Yeye alikuwa ameinama, anafungua fundo." Yunisi alionyesha kwa vidole vyake mwenyewe, vinahangaika kiunoni pasipo kamba. "Mpaka turubai linafika naye juu ya maji bado alikuwa anafungua. Utulivu tu, kama anafungua gunia. Sijui kama lilifunguka, kaka. Sijui kama lingefunguka ingekuwa nafuu."

Gélase alitikisa kichwa. Alitaka kumuuliza mbona hakusema pale penye watu, lakini alimtazama vidole, vilikuwa bado vinafungua, akaacha.

Walishusha. Kubwimana akaita jina mara tatu kwa Kirundi, akamwambia dada yake hapa ndipo nyumbani, rudi ulale. Udongo ukarudi. Msalaba ulikuwa wa mbao za mchikichi, umeandikwa kwa rangi ya mitumbwi: CARITAS, MKE WA GÉLASE. Mama yake Caritas akasimama. Magoti yalilia. Wanawake wawili walimshika wakampeleka kuoga.

Hapo ndipo Edson alipofika, na mgambo wawili nyuma yake. Alikuwa amevaa viatu vyeusi na alikuwa anatafuta mahali pa kukanyaga kati ya mihogo.

"Poleni," alisema. "Poleni sana. Mzee Gélase, nimepata taarifa kwamba kuna maziko. Kibali cha maziko kiko wapi?"

"Cha nini?"

"Huwezi kuzika mtu bila kibali. Ni sheria, si mimi."

"Hatukuzika mtu," alisema Kubwimana. "Tumezika mgomba."

"Kama ni mgomba, msalaba wenye jina la mtu ni wa nini?" Edson alikuwa anatokwa jasho. Pengine naye alikuwa ametumwa. Wote wametumwa siku zote, na ukiuliza aliyewatuma naye ametumwa. "Mzee, nielewe. Nina mkaguzi anakuja wiki ijayo kuangalia mwalo. Akiona kaburi la tano ataniuliza. Nitamwambia nini? Huyu mama rasmi hajafa. Uondoeni msalaba tu, basi, mgomba wenu ubaki."

Hakuna aliyecheka. Mgambo mmoja, ambaye ni mtoto wa pale pale kijijini na dagaa wa Caritas amekula sana, alikuwa anaangalia vidole vyake vya miguu. Yunisi alikuwa amekaa mkekani, ushungi umeshuka. Gélase alimtazama mara moja, akamngoja. Midomo ya Yunisi ilifunguka. Ikafungika.

Basi Gélase akachukua jembe lililokuwa limelala juu ya udongo mbichi, akalifuta mpini kwa shati lake lenye madoa, akamsogelea mtendaji taratibu, bila ubaya wowote, kama anavyomkabidhi dereva mzigo. Akamwekea mikononi. Edson alilipokea kwa sababu mtu akikupa kitu kwa mikono miwili unapokea.

"Fukua, mtendaji," alisema. "Wewe ndiye unayejua nani amekufa na nani hajafa. Mimi nimesema yumo humu. Wewe unasema hayumo. Fukua wewe mwenyewe, watu wote hawa wanakuona, na ukikuta hayumo, utuambie basi: mlimpeleka wapi?"